Bega Lisilojulikana Igurwa

Ipo siku moja ninayoikumbuka kuliko hata siku niliyofunga ndoa, mwanangu, na wala haikuwa siku ya heri. Ilikuwa asubuhi ya kiangazi, hapa hapa Igurwa, nami nimesimama mbele ya nyumba ya Mzee Bitegeko nimevaa viatu vya Kampala, suruali iliyonyooshwa kwa pasi, na kiburi cha mtu aliyezoea kupata anachokitaka. Mzee alikuwa anachonga mpini wa jembe. Aliniangalia kuanzia viatuni hadi utosini, akarudi kwenye mpini wake, akasema, "Bega lako hatulijui." Maneno matatu tu. Nimeyabeba tangu wakati huo hadi leo nina mvi na fimbo.

Nakwambia haya kwa sababu jana ulikuja kuniaga, ukasema likizo yako yote unakwenda kuimalizia ng'ambo, maana hapa nchini hakuna pa kwenda. Sikukujibu. Nilikuwa na hasira, na mzee akijibu kwa hasira humfukuza kijana badala ya kumfunza. Leo nimetulia. Kaa kwenye kigoda hicho, menya ndizi yako taratibu, na usiangalie saa mpaka nimalize.

Nilikuwa karani Bukoba, katika ofisi ya barabara, enzi za Mwingereza. Kazi yangu ilikuwa kunakili majina ya vilima, vivuko na njia za Karagwe kwenye karatasi kubwa za ramani kwa wino mweusi. Mwandiko wangu ulisifiwa. Niliweza kuandika Kamuli, Mtagata na vilima vyote vya upande ule bila kukosea herufi, na wakati huo wilaya yote ya Kyerwa ilikuwa bado sehemu ya Karagwe. Lakini kama ungeniuliza maji ya Mtagata ni ya moto kiasi gani, ningekudanganya. Sikuwahi kukanyaga huko, ingawa kutoka mlangoni kwetu ni mwendo wa siku mbili.

Kila mwaka nilipopewa livu, ndivyo tulivyoiita likizo, nilifanya jambo moja. Nilikuja Igurwa nikalala siku mbili kwa mama, nikamwachia zawadi, nikarudi Bukoba kupanda meli ya Kampala. Huko kulikuwa na taa za umeme, gramafoni, na vijana wenzangu waliopenda kucheka kwa sauti. Tuliambiana kwamba mtu asiyefika Kampala amezaliwa nusu. Wahenga walisema usiache mbachao kwa msala upitao, nami niliijua methali hiyo tangu darasa la tatu. Niliiandika ubaoni kwa mwandiko mzuri, kisha nikaiacha hapo hapo ubaoni.

Mama yangu nilimwita Mawe, kama watoto wa huku wanavyowaita mama zao. Alikuwa mjane. Alitulea kwa migomba na mibuni iliyozunguka nyumba, na kwa miaka mingi hakuvuka kilima kile unachokiona ila kwenda kanisani. Hakuwa mtu wa kuomba. Aliniomba kitu kimoja tu maishani mwake: nimpeleke Mtagata, kwenye chemchemi za maji moto.

Usidhani alikuwa anatafuta tiba tu. Alipokuwa msichana, watu wa kwao walikuwa na desturi yao. Kiangazi kikiingia na shamba likiwa limekwisha paliliwa, walifunga ndizi na maharage, wakaenda Mtagata wakakaa siku sita au saba. Waliyaoga yale maji, wakayanywa, wakalala kwenye vibanda vya nyasi, wakaimba na watu waliotoka kila upande, kisha wakarudi kwenye majembe yao. Hawakuwa na neno la likizo, lakini jambo lenyewe walikuwa nalo. Mawe alitaka kuyaona maji yale tena, na alitaka ayaone na mimi.

Mara ya kwanza aliponiomba nilimwambia, "Mwaka ujao, Mawe." Mara ya pili nikasema hivyo hivyo. Naye akaitikia, "Haya, mwanangu," kana kwamba mwaka ujao ni mtu anayemfahamu na anamwamini.

Livu ya tatu nikaja na kitambaa cha kichwa cha rangi ya zambarau. Nilipokwenda kukiweka kwenye kikapu chake nikavikuta vile viwili vya livu zilizotangulia, vimekunjwa kama nilivyovileta. Hakuwahi kuvifunga. Sikupenda nilichokiona, nikatoka nje kumtafuta.

Nilimkuta katikati ya migomba, anatembea kwa fimbo, hatua fupi fupi, midomo imebana kwa maumivu ya magoti. Kwenye shina la mgomba mmoja palikuwa na ukamba mkavu umefungwa. Mbele kidogo, mwingine. Mbele zaidi, mwingine tena, na wa mwisho kabisa ulikuwa kwenye mgomba wa mpakani, karibu na shamba la jirani.

"Mawe, hizi kamba za nini?"

"Za kwangu," akasema. "Natembea kila jioni. Siku utakaposema twende Mtagata, sitaki unikute nimezoea kukaa. Nikifika mwisho wa nguvu zangu, nafunga ukamba nijue nimefika wapi."

Nikafurahi, mwanangu. Nikadhani amefika mpakani. Nikamsifu. Akaona sijaelewa, akanionyesha kwa fimbo. "Ule wa mpakani niliufunga uliponiahidi mara ya kwanza. Huu wa katikati ni wa mavuno ya maharage. Huu hapa ni wa leo." Huu wa leo ulikuwa kwenye mgomba wa saba kutoka mlangoni.

Kamba zilikuwa zinarudi nyumbani. Kila nilipopanda meli, mama yangu alipoteza migomba kadhaa. Nililia pale pale shambani, mwanaume mwenye saa ya mkononi, na sikuona haya. Yeye hakulia. Alisema tu kwamba umande unaanza kushuka, turudi ndani.

Usiku ule niliamua, na nikishaamua jambo mimi ni mgumu kama kisiki cha mbuni. Meli iende bila mimi. Mawe atafika Mtagata kwenye livu hii, si nyingine. Penye nia pana njia. Asubuhi nikamwendea Mzee Bitegeko kuomba engozi.

Ninyi mmezaliwa zama za magari, kwa hiyo nikueleze. Engozi ni machela ya kufuma, imefungwa kwenye miti, na hubebwa na wanaume wanne mabegani huku wengine wanne wakifuata kuwapokea. Kila kijiji kilikuwa na yake na mzee wake wa kuitunza, na kwetu alikuwa Bitegeko. Mtu akiugua, baragumu inapigwa, wanaume wanaacha majembe na kumbeba mpaka zahanati. Hakuna anayelipwa. Leo unabeba mke wangu, kesho nabeba baba yako. Hiyo ndiyo iliyokuwa sheria yetu, na ilikuwa na nguvu kuliko za bomani.

Nikamsalimu mzee shikamoo, akaitikia marahaba, nikamweleza shida yangu. Ndipo aliponiambia kwamba bega langu hawalijui.

Nami, badala ya kunyamaza nijifunze, nikafanya kosa kubwa zaidi. Nikatia mkono mfukoni nikasema, "Mzee, vijana nitawalipa vizuri."

Mpini ukaacha kuchongwa. "Rudisha mkono wako," akasema, bila kupaza sauti. "Baba yako alibebwa na engozi hii siku nne kabla hajafa. Nilikuwa chini ya mti wa mbele, upande wa kulia. Wewe ulikuwa shuleni, hatukukulaumu. Ukapata kazi, tukafurahi. Tukasema, akija livu atatupokea mzigo. Ulikuja mara ngapi? Mwaka jana tulimbeba mke wa jirani yenu kwenye mvua, na wewe tulikuona barabarani unakwenda kuwahi meli. Ulitupungia mkono, waitu, mtu wa kwetu. Mkono tuliuona. Bega hatukuliona."

Ilikuwa kweli kabisa, na nilikumbuka hata kofia niliyovaa siku ile nikiwapungia.

"Tena engozi ni ya wagonjwa," akaendelea. "Haibebi mtu anayekwenda kujifurahisha." Akauchukua mpini wake. Nikageuka niondoke, akaniita. "Livu yako ina siku ngapi?"

"Ishirini na nane. Mbili zimekwisha."

"Zilizobaki zinatosha, kama bega unalo."

Siku ya tatu baragumu ikalia. Mama mjamzito alikuwa na uchungu tangu jana yake na mtoto hatoki. Nikakimbia na viatu vyangu, wakaniweka upande wa nyuma, kwa sababu mgeni huanzia nyuma ambako vumbi ni jingi. Kilima cha kwanza viatu vikanitoa malengelenge, nikavivua nikavitupa kichakani. Kilima cha pili bega likachubuka na shati likashika damu. Wenzangu walinipa jina la Bwana Kampala, na kila nilipoyumba waliniuliza kama nimeiona meli. Nilikuwa naogopa kujikwaa nikamwangusha mama wa watu. Tulipofika zahanati alipokelewa, na kabla hatujamaliza kunywa maji tukasikia mtoto analia. Wanaume wanane tukatazamana tukacheka, na yule aliyekuwa akinitania zaidi akaninawisha damu begani kwa mkono wake mwenyewe.

Sasa sikiliza, maana hapa ndipo utamu ulipo. Kurudi hatukuwa na mzigo wala haraka. Tulioga kwenye kijito ambacho jina lake nilikuwa nimelinakili mara nyingi, na sikuwa najua kwamba maji yake ni baridi hadi yanauma meno. Nyumba moja ikatuita tukala ndizi na maharage, wakatupatia na lubisi, pombe yetu ya ndizi, kwenye kibuyu kimoja tukizungusha. Tukapumzika juu ya kilima. Kwenye karatasi yangu kilima kile kilikuwa na upana wa ukucha. Nikiwa juu yake, miguu mitupu, upepo unakausha shati, niliona mabonde yaliyopangana mpaka macho yakachoka, na moshi wa majiko ya watu ambao wengine ni ndugu zangu. Mzee mmoja akawa ananitajia nani anaishi wapi, na nani alimtorosha binti wa nani. Nilicheka siku ile kuliko nilivyowahi kucheka Kampala, na hapakuwa na mtu wa kumwonyesha kwamba nacheka.

Nilibeba mara tatu livu ile. Mara ya pili alikuwa mzee aliyevunjika mguu, mara ya tatu tulimrudisha kwake, naye alikuwa mnene na msemaji sana. Bega likaota sugu. Kila jioni nilitembea na Mawe kwenye migomba, nikimshika mkono. Siku moja alifika mgomba wa tisa, siku mbili zilizofuata akaishia wa sita. Hakusema neno kuhusu Mtagata, wala mimi sikusema. Nilikuwa nimeahidi vya kutosha.

Zilipobaki siku tisa, alfajiri, nikasikia kikohozi uani. Mzee Bitegeko na wanaume saba, na engozi imetandikwa majani makavu na mkeka mpya.

"Mzee," nikasema, "ulisema engozi ni ya wagonjwa."

"Magoti yake hayaumwi?" akauliza. "Na maji ya Mtagata si dawa? Basi ni mgonjwa anapelekwa kwenye dawa. Akifurahi njiani, hilo ni lake na Mungu wake." Kisha akanionyesha mti wa mbele, upande wa kulia. Nikauweka begani.

Mawe akatoka amefunga kile kitambaa cha zambarau. Akakataa kulala, akaketi wima ndani ya engozi, fimbo mapajani, na tangu tulipovuka kilima cha kwanza hakunyamaza. Alijua kila njia. Alituambia wapi palikuwa na kisima, nani alipanda mti ule, msichana gani aliolewa nyumba ile akarudi kwao baada ya wiki. Mimi karani wa barabara nilikuwa namsikiliza mwanamke asiyejua kusoma akinisomea nchi yangu.

Na watu tuliokutana nao njiani, kwa vile engozi hupita na mgonjwa, walisimama pembeni, wanaume wakivua kofia, wakauliza kwa sauti ya chini, "Mgonjwa anaendeleaje?"

"Mgonjwa hajambo," Mawe akajibu mwenyewe. "Anakwenda kutembea."

Mwanamke mmoja alicheka hadi akaangusha jembe. Akatufuata hatua nyingi akimwuliza Mawe anakwenda wapi na anarudi lini, na mwisho akaniambia mimi, "Nawe mama yako umemchelewesha." Sijui alijuaje.

Tulilala mahali mnapopaita Songambele siku hizi, kwa watu tusiowafahamu, ambao waligundua kwamba Mawe ana shangazi mmoja aliyeolewa kwenye ukoo wao, na ikawa kama tumefika nyumbani. Kesho yake tukapita mashamba ya Kamuli, kahawa imeanikwa kwenye mikeka, na jioni tukafika Mtagata.

Ni msitu mdogo wenye miti mikubwa, maji yanatoka chini ya mawe yakifuka mvuke, na nyani wanakaa kwenye matawi wakiangalia watu wanavyovua nguo. Tulijenga kibanda cha nyasi kando ya vibanda vya wengine. Walikuwapo watu waliotoka ng'ambo ya mto Kagera, na wengine waliotoka Uganda, ndiyo, huko huko nilikokuwa nakimbilia. Wao walitembea siku nyingi kuja kustarehe kwetu. Mmoja akaniuliza mimi nimekuja mara ya ngapi. Nilipomwambia ni ya kwanza na kwamba nimezaliwa Igurwa, aliniangalia kwa huruma, akanionyesha kwa upole mahali maji yasipochoma sana. Mganda alinionyesha pa kukanyaga kwenye nchi yangu mwenyewe. Nilimshukuru, na nilistahili.

Mawe nilimshusha majini mikononi mwangu. Maji yalipofika magotini alifumba macho, akanyamaza kwa mara ya kwanza tangu tutoke nyumbani. Kisha akasema, "Pale penye jiwe lile ndipo nilipomkataa baba yako."

"Ulimkataa?"

"Mara ya kwanza. Alikuwa na maringo kama wewe. Kiangazi kilichofuata akaja tena, akiwa amebeba kuni za mama yangu." Akacheka peke yake, kicheko chembamba cha msichana, nami nilikuwa sijawahi kukisikia. Miaka yangu yote sikujua mama yangu anacheka hivyo. Ndicho kitu ambacho ningekikosa, mwanangu, na nisingejua kwamba nimekikosa.

Tulikaa siku nne. Asubuhi ya kuondoka aliomba nimwinue asimame. Akatoa kwenye upindo wa nguo yake ukamba mkavu wa mgomba, ambao alikuwa amekuja nao kutoka shambani kwetu. Akaufunga kwenye mti ulioinamia maji, kwa vidole vyake mwenyewe, polepole. Akaukaza. Akasema, "Nimefika hapa."

Hakupona magoti, nisikudanganye. Nilirudi kazini nikaandika majina ya vilima kama kawaida, ila sasa kila jina lilikuwa na jasho langu. Kabla ya livu iliyofuata nikaletewa habari. Nilipofika Igurwa, Mzee Bitegeko alikuwa ameuacha wazi mti wa mbele, upande wa kulia. Tulimbeba Mawe hadi makaburini, na hakuna aliyeniita Bwana Kampala.

Tangu hapo livu zangu zote niliziishi ndani ya nchi hii, na sikuimaliza. Mkataa kwao mtumwa, walisema, lakini mimi huongeza kwamba mkataa kwao pia hukosa starehe nyingi. Sikukatazi kwenda ng'ambo. Tembea uone, ni neno la kweli. Nenda, ila usiwe umekwenda kote isipokuwa kwenu. Kabla hujakata tiketi, muulize mzazi wako kuna mahali gani anapatamani ambapo hajafika, au alifika akiwa na miguu yake mizima. Mpeleke huko kwanza. Ahadi ya mwaka ujao usimpe mtu ambaye miaka yake inapungua. Na popote uendapo ndani ya nchi yako, usiende kama mtu wa kupungia mkono. Ingia chini ya mzigo wa watu wa hapo, hata kwa nusu saa, ndipo mahali patakufungukia.

Ukitoka, pitia shambani uone migomba yangu. Utakuta ukamba kwenye shina la kumi na moja. Nimeufunga jana baada ya wewe kuondoka, na nimekusudia wa wiki ijayo uwe wa kumi na mbili, kwa hiyo usinionee huruma. Gari linafika Mtagata siku hizi, lakini kutoka linaposimama hadi kwenye maji bado ni mguu.

Mungu akupe miguu ya kufika mbali, mwanangu, na macho ya kupaona ulipotoka. Akupe watu wa kukubeba siku yako. Na siku hiyo, mzee wa kijiji akiulizwa habari zako, aseme bila kufikiri, "Bega lake tunalijua."